Kabla hujaacha shule uwe Gukesh, keti hapa kwanza

Kuna kinyozi mmoja hapa Kondele, Kisumu, ambaye duka lake hujaa hata siku isiyo na mteja. Ukipita saa kumi jioni utadhani biashara imenoga. Ingia ndani uone. Kwenye kiti cha kunyolea kuna mtu mmoja. Kwenye benchi kuna wanane, na wote wameinamia ubao wa chesi. Farasi mmoja amevunjika shingo. Ngome moja ilipotea zamani, kwa hivyo nafasi yake imechukuliwa na kifuniko cha soda. Hiyo ndiyo ofisi yangu.

Mwezi jana aliingia mama mmoja anayeuza omena soko la Kibuye. Hakuja na mtoto wa kunyolewa. Alisimama mlangoni, akatutazama sote mmoja mmoja, kisha akaniuliza: "Wewe ndiye mwalimu wa huu mchezo?"

Benchi lote likacheka. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili. Cheti nilicho nacho ni cha kidato cha nne na kingine cha kuzaliwa. Lakini heshima ya mama huwezi kuirudisha, kwa hivyo nikasimama nikasema, "Ndiyo mama, karibu."

"Basi niongelee na huyu mtoto wangu. Anasema shule ameacha. Anasema atakuwa bingwa wa chesi kama yule Mhindi."

Mtoto wake ninamjua. Hapa tunamwita Farasi kwa sababu ukimwachia farasi wawili kati ya ubao, umekwisha. Ana miaka 16, yuko kidato cha pili, na kati ya michezo kumi ya mwisho amenipiga sita. Naandika haya bila aibu. Yule dogo anajua.

Sasa nikuulize wewe unayesoma haya kwa simu, pengine ukiwa kwa matatu ama kwa kibarua ambacho hukipendi: ungemwambia nini? "Fuata ndoto yako"? Hiyo ni rahisi. Nauli ya ndoto hulipi wewe. Mimi niliamua kwanza nifanye hesabu, na ndiyo hii nakuletea.

Yule Mhindi

Gukesh Dommaraju alizaliwa Chennai, India, mwaka wa 2006. Alipata cheo cha Grandmasta, ambacho ndicho cha juu kabisa katika chesi, akiwa na miaka 12. Desemba 2024 huko Singapore alimshinda Ding Liren wa China katika mchezo wa 14, ule wa mwisho, akawa bingwa wa dunia akiwa na miaka 18. Mfuko wa zawadi wa pambano lile ulikuwa dola milioni 2.5. Kwa pesa zetu hizo ni zaidi ya shilingi milioni 300, wagawane watu wawili kwa kusukuma kete kwa wiki tatu. Ukimsikia dogo wa Manyatta akiota, usimshangae.

Na ni kweli, Gukesh aliacha kuhudhuria shule ya kawaida akiwa bado mdogo, baada ya darasa la nne. Farasi aliliona hilo kwenye video fupi ya sekunde thelathini, na hapo ndipo video iliishia.

Ambayo video haikusema ni hii. Baba yake Gukesh ni daktari wa upasuaji wa masikio, pua na koo. Mama yake ni mtaalamu wa vijidudu vya magonjwa. Baba aliacha kazi yake ya hospitali ili azunguke dunia na mwanawe kutoka shindano moja hadi lingine, na nyumba ikabaki inategemea mshahara wa mama. Hata hivyo pesa ziliwaishia, mpaka marafiki wa wazazi wakachanga kumdhamini mtoto. Na haya yalifanyika Chennai, mji wa Viswanathan Anand, bingwa wa dunia kabla ya Magnus Carlsen. Kule ukisema mtoto wako anacheza chesi, jirani anakuonyesha kocha.

Kwa hivyo, ndiyo, Gukesh aliacha shule. Ila aliacha akiwa na daktari wa kumshika mkono uwanja wa ndege. Farasi akiacha shule, atakayemshika mkono ni mama mwenye karai la omena, na mkono wa pili umeshika deni la sabuni. Simaanishi kwamba dogo hana kipaji. Namaanisha kuwa kwenye ubao huu, yeye ameanza bila malkia.

Cheo hakiliwi

Tufafanue kidogo vyeo, maana watu huvitaja kama chapati. Shirikisho la chesi duniani, FIDE, lilianzishwa Paris mwaka wa 1924. Linampa kila mchezaji alama za kiwango kulingana na anaowashinda. Ukifika 2200 unaweza kupewa cheo cha Candidate Master. 2300 ni FIDE Master. Kwa International Master unahitaji 2400 na matokeo makubwa katika mashindano yanayotambuliwa. Grandmasta ni 2500 pamoja na matokeo matatu ya aina hiyo, dhidi ya wapinzani wakali. Carlsen wa Norway, aliyepanda juu kuliko binadamu yeyote, alifika 2882 mwezi Mei 2014.

Tangu FIDE ianze kutoa cheo hicho mwaka wa 1950, ma-Grandmasta duniani ni kama 2,000 tu. Kenya bado haijatoa hata mmoja. Wapo wachezaji wetu waliovaa jezi ya taifa kwenye Olimpiadi ya chesi, akina Joyce Nyaruai na Sasha Mongeli, na ukitazama michezo yao utajua hawa si watu wa mchezo. Lakini mchezaji wa hapa hawezi kupata yale matokeo matatu akiwa amekaa Kondele. Lazima asafiri akawatafute ma-Grandmasta waliko, na wengi wako Ulaya na India. Hata ligi na mashindano makubwa ya hapa nyumbani mengi ni Nairobi. Mimi nilienda mara moja. Nauli, kiingilio, malazi, chakula: yote mfukoni mwangu. Nilimaliza katikati ya orodha, nikarudi na basi la usiku nikiwa na mafua na shilingi mia mbili.

Na hata huko juu, wanaoishi kwa zawadi za mashindano peke yake ni wachache sana. Grandmasta wa kawaida anafundisha, anaandika vitabu, anatengeneza video, anachambua michezo hewani. Yaani anahasla kama wewe, tofauti ni kwamba ana cheo mbele ya jina.

Twende kwa jirani

Ukipanda basi Kisumu, ukavuka Busia, unafika Kampala. Kule kuna mtaa unaitwa Katwe, na Kampala nayo ina Kibuye yake, papo hapo jirani na Katwe. Hapo ndipo alipokulia Phiona Mutesi.

Babake alifariki akiwa mdogo. Shule aliacha akiwa na miaka kama tisa kwa sababu mama hakuwa na karo, akawa anauza mahindi barabarani. Siku moja akamfuata kaka yake hadi kwenye kibanda ambako kocha Robert Katende alikuwa akifundisha watoto chesi na kuwapa uji. Soma tena hapo: uji. Phiona hakufuata ndoto. Alikuwa na njaa. Chesi ilikuja pamoja na kikombe.

Mwaka wa 2009 alikuwa kwenye timu ya watoto wa Uganda iliyoshinda mashindano huko Juba. 2010 akacheza Olimpiadi Khanty-Mansiysk, Urusi. 2012 kule Istanbul yeye na mwenzake Ivy Amoko wakapata cheo cha Woman Candidate Master, wanawake wa kwanza wa Uganda kuwa na cheo cha FIDE. Mwaka huohuo Tim Crothers akatoa kitabu kuhusu maisha yake, na 2016 kampuni ya Disney ikatoa filamu, Queen of Katwe.

Na mama yake Phiona kwenye filamu aliigizwa na nani? Lupita Nyong'o. Wa kwetu huyo, binti wa Profesa Anyang' Nyong'o, aliyechaguliwa gavana wa Kisumu mwaka uliofuata. Kwa hivyo ukimwona mama muuza omena akisimama mlangoni kwa kinyozi akiuliza habari za mwanawe, jua sura hiyo dunia ilishailipia tiketi kuitazama.

Sasa sikiliza vizuri, maana hapa ndipo watu wengi hukosea hadithi ya Phiona. Chesi haikumpa Phiona utajiri wa mashindano. Cheo alichopata ndicho cha chini kabisa katika vyeo vya wanawake. Ilichompa ni shule. Kupitia chesi alirudi darasani, na baadaye akaenda chuo kikuu, Northwest University, jimbo la Washington, Marekani. Yaani binti aliacha shule kwa kukosa karo, chesi ikamrudisha. Farasi anataka kutumia mlango uleule, ila kwa kutokea.

Wengine wa bara letu

Amon Simutowe wa Zambia ndiye Mwafrika mweusi wa kwanza kutoka kusini mwa Sahara kuwa Grandmasta. Alikamilisha matokeo yake 2007, cheo kikathibitishwa 2009. Lakini yeye alisoma Chuo Kikuu cha Texas kule Dallas kwa ufadhili wa chesi. Ndiyo, upo ufadhili wa namna hiyo: chuo kinakulipia masomo ili uwachezee timu, kama vile wengine wanavyolipiwa kwa kikapu. Kisha akaenda Oxford. Kila mlango ule ulitaka vitu viwili, kiwango cha chesi na matokeo ya shule. Kimoja bila kingine, mlinzi anakurudisha getini.

Bassem Amin wa Misri ni bingwa wa Afrika mara kadhaa na Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700. Unajua kazi yake nyingine? Daktari wa binadamu. Alisomea udaktari huku akipanda ngazi za chesi.

Halafu kuna Tunde Onakoya wa Nigeria. Huyu hata si Grandmasta. Alijifunza chesi kwenye duka la kinyozi, Ikorodu, kule Lagos. Kwa kinyozi, kama sisi! Alipokua akaanzisha Chess in Slums Africa ya kufundisha watoto wa mitaa ya mabanda, na Aprili 2024 akaketi Times Square, New York, akacheza saa 60 mfululizo kuchangia elimu ya watoto. Kumbuka, elimu. Mtu aliyebobea kwenye ubao, pesa zote alizotafuta bila kulala alizielekeza darasani.

Siku ya buibui

Lakini nisikufiche upande mwingine. Aprili 2023, kwenye Kenya Open, Nairobi, kulitokea mchezaji mpya kitengo cha wanawake. Buibui, uso umefunikwa, miwani, haongei na mtu. Alikuwa hajulikani kabisa, na alikuwa anawapiga majina makubwa. Waandalizi mwanzoni hawakushuku kwa sababu vazi hilo ni la kawaida, na kumhukumu mtu kwa vazi ni dhambi. Ila viatu havikuwa vya kike, na mchezo ulikuwa mkali kupita kiasi kwa mtu asiye na historia. Wakamwita pembeni. Alikuwa mwanamume, mwanafunzi wa chuo kikuu, miaka 25.

Mshindi wa kitengo kile alikuwa anangoja shilingi 500,000. Kijana akaandika barua ya kuomba msamaha, na sababu aliyotoa ilikuwa shida za kifedha. Dunia nzima ilicheka, meme zikatoka hadi Ulaya. Jina lake siliweki hapa, limetajwa vya kutosha.

Hapa kwa kinyozi tulicheka siku moja. Siku ya pili hakuna aliyecheka. Sote tuliwafikiria wale wanawake waliolipa kiingilio, wakajiandaa miezi, wakaja kupigwa na mtu aliyejificha. Hao ndio walioibiwa. Na tukamfikiria yeye pia. Mtu mwenye akili ya kuwapiga wale, na bado hesabu yake ya maisha ikamfikisha pale. Kipaji kikikaa na njaa chumba kimoja, njaa ndiyo inayotandika kitanda.

Tulivyoongea

Nilimpeleka Farasi Dunga, ufukweni. Sikutaka kumwongelesha mbele ya benchi. Boti zilikuwa zimerudi, wamama wanapatana bei ya ngege, gugu-maji limesukumwa na upepo hadi karibu na gati. Karibu nasi walikuwa wazee wawili wakicheza ajua, ule mchezo wetu wa mashimo na kokoto. Tuliwatazama kidogo. Jaduong' mmoja, bila hata kuinua macho, akatuambia: "Nyinyi wa siku hizi mnalipwa kwa kucheza? Sisi tulicheza baada ya shamba."

Nilimpa Farasi hesabu yote niliyokupa wewe: Gukesh, Phiona, Simutowe, daktari wa Misri. Alisikiliza. Kisha nikafanya kitu ambacho sikuwa nimepanga. Nikamwambia ukweli wangu.

Mimi nikiulizwa kwa nini niliacha chuo, huwa nasema, "Niliona masomo hayanifai, nikaamua kuhasla." Inasikika vizuri. Watu hukuheshimu. Ukweli ni kwamba nilikuwa na deni la karo, sikuruhusiwa kufanya mtihani, na nikaona aibu kumwambia mathe kwa sababu alikuwa ameshauza ng'ombe wa mwisho. Nikajifanya nimechoka na shule. Aliniamini. Ile siku aliyoniamini ndiyo inayoniuma hadi leo, kwa sababu angeniuliza swali moja zaidi, ningelia.

Farasi alikaa kimya muda mrefu, anatupa vijiwe majini. Halafu akasema kwa sauti ndogo: "Bro, mimi pia walinirudisha. Wiki tatu sasa."

Karo. Wala haikuwa chesi. Alirudishwa nyumbani, akaona mama yake anahesabu sarafu za omena usiku, akaamua kumpunguzia mzigo. Gukesh alikuwa kisingizio tu. Ni rahisi kumwambia mama "nimechagua" kuliko "tumeshindwa".

Ndiyo maana nakuandikia wewe. Wapo wengi mtaani wanaojiita wameacha ilhali wameachwa. Anayesema "shule si ya kila mtu" muulize swali moja zaidi. Usimhubirie, muulize.

Kazi zilizopo

Nimalizie na ya kuliwa, nisije nikaonekana navunja watu moyo. Chesi ina kazi, hata hapa kwetu.

Ya kwanza ni kufundisha. Mimi nafundisha klabu za chesi katika shule mbili za kibinafsi, siku mbili kwa wiki, nalipwa kwa saa. Si pesa ya kujengea, ila kodi ya nyumba inalipika. FIDE ina mafunzo na vyeo vya ukocha, na mwenye karatasi hulipwa zaidi ya asiye nayo. Mimi sina bado. Ya pili ni urefa: mashindano yote yanahitaji waamuzi, na kuna ngazi za kupanda kutoka za kitaifa hadi za kimataifa. Ya tatu ni maudhui, na hasa ya Kiswahili. Jaribu kutafuta mtu anayechambua mchezo wa Carlsen kwa Kiswahili cha kueleweka, uone kama orodha itakuchosha.

Mazoezi hayana gharama kubwa. Lichess ni bure kabisa, haina hata tangazo, na inakula bando kidogo. Saa moja kila jioni, ukitatua mafumbo badala ya kucheza michezo ya dakika moja ya kuwasha damu, inatosha kukupandisha. Farasi ana simu ya skrini iliyopasuka na ndiyo aliyojifunzia kunipiga.

Na yeye je? Jioni ile tulirudi naye Kibuye, tukamkuta mama anafunika omena. Alimwambia mwenyewe, mimi nikiwa nimesimama nyuma. Mama hakupiga kelele. Alikunja turubai lake polepole, akasema, "Nyathina, deni ni la nani, ni lako?" Asubuhi yake akaenda shuleni na nusu ya pesa, wakakubaliana nusu nyingine ilipwe kidogokidogo. Benchi la kinyozi lilichanga mia mia. Deni bado lipo, sitakudanganya.

Farasi sasa anakuja Jumamosi tu, na siku za wiki baada ya kumaliza kazi ya shule, ambayo anaifanyia papo hapo kwenye benchi huku mashine ikinguruma. Jumamosi iliyopita alinifunga kwa hatua 23. Kisha akaniuliza, mbele ya watu wote, deni langu la chuo lilikuwa shilingi ngapi.

Sikuwa na jibu. Jumatatu nilipanda matatu hadi kule chuoni nikaulize.